Badili kitu kimoja tu: jibu kwa binti mpiga video wa Lindi

Swali: Shikamoo mwalimu. Nina miaka 24, niko Lindi mjini, kazi yangu ni kupiga video za harusi. Nina kamera moja, simu moja na kompyuta mpakato ya mtumba. Juzi nilikesha nikitazama vipande vya televisheni ya majaribio ya zamani kutoka Ulaya na Marekani: bomba linajaza maji ndani ya kioo cha TV, mtu anamimina maziwa yanakwenda upande, mwingine anajifuta uso kama anafuta ubao. Ni vitu vya jikoni na sebuleni tu, lakini usingizi ulikata. Nataka kuyafanyia hivyo maisha ya huku kwetu. Nimejaribu kwa kutumia mapambo ya programu na imetoka kama tangazo la soda. Mama naye ameniuliza kama nimeanza mambo ya kishirikina. Nakosea wapi, na nianzie wapi?

Jibu: Marahaba, binti yangu. Barua yako nimeisoma mara mbili, na kile kipande ulichoambatanisha nimekitazama mpaka mwisho. Samaki wanaruka juu ya Kitunda, ng'ambo ya maji, bahari imekuwa ya waridi, pantoni limeota mabawa. Jicho unalo, hilo sina shaka nalo. Pale mwanzoni, kabla samaki hawajatokea, kuna sekunde nne za mama mmoja anakung'uta mkeka uani, na hizo sekunde nne nimezirudia zaidi ya kipande kingine chochote. Kosa lako ni moja: umebadili kila kitu kwa mpigo. Mtazamaji akishaona hakuna hata kitu kimoja kilichobaki mahali pake, haoni tena cha kushangaza, anakaa kusubiri jina la bidhaa litokee. Hao waliokukosesha usingizi walifanya kinyume chako. Walichukua kitu ambacho kila mtu anakijua kwa mkono, wakabadili sharti moja tu la kitu hicho, kisha wakanyamaza wakaiacha kamera itazame.

Nianze na yule wa maziwa, maana kwa mtu mwenye mfuko kama wako hakuna mwalimu bora kuliko yeye. Anaitwa Ernie Kovacs, mchekeshaji wa Marekani aliyefariki kwa ajali ya gari mwaka 1962. Januari 1957 alipewa nusu saa kwenye kituo cha NBC, na karibu nusu saa yote hiyo haisemwi kitu. Mtu wake, Eugene, anakaa mezani kula chakula alichobeba. Anatoa zeituni, anaziweka mezani, zinabiringika zenyewe mpaka upande wa pili kama zimeitwa. Anafungua chupa ya maziwa, anamimina, na maziwa hayaingii kikombeni. Yanakwenda pembeni, hewani, kwa utulivu kabisa. Hakuna kilichohaririwa hapo. Meza ile na jukwaa zima vilijengwa vikiwa vimeinama, na kamera nayo ikainamishwa kwa kiasi kilekile. Kwenye kioo meza inaonekana imetulia sawasawa. Anayejua ukweli ni maziwa peke yake.

Hii waweza kuifanya kesho asubuhi barazani kwenu. Tafuta meza ya urefu wa mita 1, inua miguu ya upande mmoja kwa matofali mpaka upande huo uwe juu kwa sentimita 20. Hapo umepata mwinamo wa nyuzi kama 11 hivi, na unatosha. Nyuma ya meza weka ukuta mtupu au shuka isiyo na mistari. Mlango, dirisha, hata mstari wa rangi ya ukutani utakusaliti. Kamera ifunge kwenye stendi kisha uilaze upande mpaka ukingo wa meza uende sambamba na ukingo wa picha. Kama huna uhakika, fanya kama mwashi: funga jiwe kwenye uzi, litundike mbele ya kamera liwe timazi, uone uzi umepishana kiasi gani na ukingo wa picha. Uzi na ukingo wa wima wa picha vikipishana kwa nyuzi zilezile ulizoinua meza, umefika.

Adui yako ni kila kinachoning'inia. Ncha ya mtandio, hereni, pazia, mkufu, kamba ya taa: vyote vitaelekea chini ya kweli na kuitangaza siri yako. Mtandio ubane kwa pini. Aliyekaa mezani lazima kiti chake nacho kiinuliwe, na mgongo wake asimamishe kwa kufuata meza, asifuate dunia. Shingo inauma, kwa hiyo piga vipande vifupi na umpumzishe.

Nikueleze lililotupata sisi mara ya kwanza, mimi na wanafunzi wangu hapa Mtwara. Tulikuwa na glasi ya chai ya rangi na sahani ya ndimu. Ndimu zilitembea vizuri, zikashuka mezani moja baada ya nyingine kama watoto wanaotoka madrasa. Lakini chai iliyokuwa tayari ndani ya glasi ilikuwa imelala upande: uso wake ulikuwa wa mshazari, juu kushoto, chini kulia, na haukutikisika. Nilitaka turudie, nikidhani imeharibika. Binti mmoja darasani akasema, "Mwalimu, hiyo chai ndiyo inayonitisha." Alikuwa na haki. Ndimu zinachekesha, ila glasi ile iliyotulia na chai yake imelala ndiyo inayokaa na mtu usiku. Tuliiacha, tukaisogelea mpaka ikajaa picha nzima, na ile ndiyo sehemu watu wanayoniulizia mpaka leo.

Baada ya hapo mwite bibi wa jirani achague mchele kwenye ungo juu ya meza hiyohiyo. Usimwambie aigize. Mwambie achague mchele tu kama siku zote, na mchele ukiteleza aurudishe, ukiteleza tena aurudishe tena. Asicheke, na wewe nyuma ya kamera usicheke.

Sasa bomba. Hiyo ni kazi ya Mwingereza David Hall, na ilirushwa mwaka 1971 na Scottish Television wakati wa tamasha la Edinburgh. Alitengeneza vipande kadhaa vifupi, na 7 kati yake ndivyo alivyovikusanya baadaye kama kazi moja. Vilipenyezwa katikati ya vipindi vya kawaida bila tangazo, bila jina lake, bila maelezo. Watu wako sebuleni, mara kioo kinakuwa kitupu, bomba linaingia, linafunguliwa, maji yanapanda polepole mpaka runinga yenyewe inaonekana imejaa kama tangi, halafu yanashuka. Kisha kipindi kinaendelea. Bomba halikubadilika, maji hayakubadilika. Alichobadili ni imani yako juu ya kile kiboksi: ulidhani ni dirisha, kumbe ni chombo kinachoweza kujaa. Kwa mkono wako ni kazi ya hodhi la vioo la kufugia samaki na taa moja kutoka nyuma. Tafuta hodhi lililo safi, sogeza kamera mpaka kingo zake zitoke nje ya picha, fungua maji taratibu. Sauti ya maji ndiyo nusu ya kazi, usiweke muziki.

Hapo kwenye sauti niongeze neno, kwa sababu wapiga video wa harusi wote mna ugonjwa huu na mimi nilikuwa nao: mnaogopa ukimya. Kila picha mnaipakia wimbo. Kwenye kazi hii wimbo unamwambia mtazamaji afurahi wapi na ahuzunike wapi, na akishaambiwa, haoni tena. Acha sauti ya kitu chenyewe. Kama ni lazima ubadili, basi sauti ndiyo iwe kile kitu kimoja ulichobadili, na picha uiache.

Yule anayejifuta uso ni Peter Campus, Mmarekani, kazi ya mwaka 1973, naye hana uchawi zaidi ya rangi ya buluu. Anajipaka rangi hiyo usoni, na mashine inaelekezwa kwamba kila palipo na buluu paonyeshe picha nyingine. Picha nyingine hiyo nayo ni uso wake mwenyewe. Anajifuta kumbe anajifunua. Simu yako ina programu inayofanya hivyo kwa dakika mbili, ndiyo maana sitakaa hapo. Nikupe onyo moja tu: usitumie njia hiyo kumpeleka mtu Paris. Itumie kama alivyoitumia yeye, kumrudisha mtu kwake mwenyewe.

Kuna jambo nataka ulijue kuhusu runinga yenyewe, na hapa nazungumza kama fundi, maana kabla ya kufundisha nilikuwa na kibanda cha kutengeneza redio na TV karibu na soko hapa Mtwara. Huku bara televisheni ilianza mwaka 1994, na miaka ile ya mwanzo mwenye dishi alijulikana mtaa mzima. Siku moja mzee mmoja alinileta kwake akilalamika kwamba mtangazaji wa habari amekuwa na shavu la kijani na shavu la zambarau. Nikaingia sebuleni, nikaona amesogeza spika kubwa ya redio mpaka imegusana na TV ya chogo. Ugonjwa wenyewe ulikuwa huo. Ndani ya lile chogo kuna mishale ya elektroni inayochora picha mstari kwa mstari, na koili za shaba ndizo zinazoielekeza. Spika ina sumaku. Sumaku ikija karibu, mshale uliotakiwa kugonga nukta nyekundu unagonga ya kijani. Niliondoa spika, nikachukua koili ya kuondoa usumaku, nikaizungusha mbele ya kioo. Kila nilipozungusha, uso wa mtangazaji ulivutika kama unga wa chapati, rangi zikapita juu yake kama mafuta juu ya maji, halafu ukarudi. Mjukuu wa yule mzee alikuwa amekaa sakafuni. Akasema, "Babu fundi, rudia." Nilirudia mara tatu na sikutoza.

Wakati huo sikujua kwamba kuna mtu alishaifanya ile hitilafu kuwa kazi yake ya maisha. Nam June Paik, mzaliwa wa Seoul, msomi wa muziki, Machi 1963 aliweka kwenye maonyesho huko Wuppertal, Ujerumani, runinga kadhaa alizozichokonoa mitambo zikaacha kuonyesha zilichotumwa na kuanza kuonyesha mistari na mawimbi. Mwaka 1965 akaweka sumaku kubwa juu ya runinga, na matangazo ya kawaida yakajikunja yakawa ua la mwanga. Baadaye yeye na fundi wa Kijapani, Shuya Abe, wakaunda mtambo wa kuchanganya picha na rangi, na mwaka 1970 wakautumia hewani katika kituo cha WGBH cha Boston kwa saa 4 mfululizo.

Nakuhadithia haya kwa sababu najua utatamani kujaribu. TV bapa haina mshale wa elektroni, sumaku haiifanyi kitu cha maana. TV ya chogo ukiipata kwa fundi, sumaku ipitishe nje ya kioo tu. Usifungue mfuniko wa nyuma hata kama imechomolewa: tyubu ya rangi inatumia volti zinazofika 25,000, na chaji inaweza kubaki ndani baada ya kuzima. Nimeona fundi mwenzangu akirushwa mpaka ukutani. Na kioo kikibaki na madoa ya rangi, hayo huondolewa kwa koili, kwa hiyo mwombe mwenye TV ruhusa kabla hujamharibia. Unapoipiga kwa kamera, weka kasi ya shata 1/50, maana umeme wetu na mfumo wetu wa picha vinakwenda kwa 50, vinginevyo utapata mistari myeusi inayopanda.

Kama chogo huna, kuna njia nyingine ambayo mimi naipenda hata zaidi. Mwaka 1976 huyo huyo David Hall alimketisha Richard Baker, msomaji habari maarufu wa BBC, akasoma maelezo ya runinga ni kitu gani. Kisha Hall akaipiga picha ile kutoka kwenye kioo, akaipiga tena ile nakala kutoka kwenye kioo, na tena, mpaka uso ule ambao taifa zima lilikuwa linauamini ukawa vivuli vinavyopumua na sauti yake ikawa mngurumo. Unachohitaji ni kamera, TV na subira. Mpige bibi yako akieleza namna ya kupika mchuzi wa samaki kwa nazi. Mchezeshe kwenye TV, mpige kutoka kwenye TV, hiyo nakala ichezeshe tena. Ifikapo ya sita au ya saba utaona jambo: maneno yamekwisha lakini bado unajua ni yeye, kwa namna mkono unavyoinuka. Usihariri kitu hapo. Panga nakala zote kwa mfuatano na umwache aondoke taratibu.

Nimefika kwa mama yako. Hajakosea kuuliza. Huku kwetu picha isiyo ya kawaida ina wenyewe, na mtu mzima anapouliza "hii ni ya nani?" anauliza swali la heshima. Mpeleke polepole kwenye mpingo. Wamakonde walikuwa wakichonga binadamu wanaofanana na binadamu, na miaka ya 1950 mchongaji Samaki Likankoa anatajwa kuwa ndiye aliyefungua njia ya mtindo tunaouita shetani: jicho moja, mkono unaotokea tumboni, mdomo unaogeuka mguu. Ikaja na mitindo ya mawingu, mti ukawa moshi. Hakuna anayeona kinyago hicho dukani akakimbia. Watu wananunua wanaweka sebuleni, juu ya kabati la TV.

Halafu mwonyeshe George Lilanga, Mmakonde, mtu wa kusini hii hii, aliyezaliwa mwaka 1934 na kufariki 2005. Aliingia Nyumba ya Sanaa Dar es Salaam kama mlinzi, akatoka pale msanii ambaye picha zake zimening'inizwa Marekani na Ulaya. Tazama picha zake kwa makini, binti yangu, maana jibu la swali lako lote liko mle. Viumbe wake wana masikio makubwa, matumbo yaliyotuna, vidole vya kuhesabika. Lakini wanafanya nini? Wanatwanga. Wanamsindikiza mgonjwa. Wanakunywa, wanasengenyana, wanabeba watoto mgongoni. Amebadili mwili tu; kinu amekiacha kinu, na mchi anaupokezana kama tunavyoupokezana sisi. Ndivyo Kovacs alivyobadili mwinamo akaacha maziwa yawe maziwa. Kwa hiyo usimwambie mama kwamba umejifunza jambo la Wazungu. Sheria yenyewe tulikuwa nayo kwenye mti, tofauti ni kwamba wewe unachonga kwa mwanga.

Ninalokukataza ni moja. Yaliyo ya ndani ya unyago yabaki ndani, na anayecheza ndani ya sura ya lipiko, kile kinyago cha ngoma cha Wamakonde, usimfunue kwenye kamera eti ni ubunifu. Vitu hivyo tayari vina waliovifanya vya ajabu kwa makusudi yao, wala havikuhitaji.

Sasa cha kupiga huko Lindi. Mimi ningeanza na salfa. Kuanzia mwezi wa sita hivi, nenda upande wa Mtama, Ruangwa au Nachingwea, lala kwa ndugu, amka alfajiri. Wakulima wa korosho wanapuliza unga wa salfa kuzuia ugonjwa wa ubwiri unga, na wanapuliza mapema kwa sababu umande ndio unaoushikisha unga kwenye majani na maua, na upepo bado umelala. Mtu anabeba mashine mgongoni, anaiwasha, anaingia katikati ya mikorosho. Simamisha kamera kwenye stendi, usiisogeze. Kwanza unamwona mtu. Kisha wingu la manjano hafifu linapanda, linammeza miguu, kiuno, kichwa. Mikorosho nayo inapotea mmoja baada ya mwingine, inabaki sauti ya injini inayotembea ndani ya ukungu usiojua mwisho wake. Baada ya muda jua linapenya, tawi moja linatokea, halina shina. Halafu mkono. Halafu mtu yule yule, anapangusa miwani.

Hapo kitu kimoja unachobadili ni maelezo: usionyeshe mfuko wa salfa, usiweke maandishi, usimhoji mkulima. Anayetoka kusini atajua na bado atashangaa kwamba hakuwahi kuona, asiyejua ataota. Dakika 3 bila kukata. Kaa upande upepo unakotoka, vaa barakoa na miwani, maana salfa inawasha macho na kifua. Kamera ivishe mfuko wa plastiki, toboa tundu la lenzi tu, na jioni ipanguse kwa brashi laini, kwa sababu unga ule unaingia kwenye kila kifungo. Mwenye shamba mwombe ruhusa jana yake, na mpelekee aone ulichopiga.

Mbele ya mlango wako una maji. Wakati wa bamvua, mwezi mwandamo au mwezi mpevu, maji ya pwani hii yanapanda na kushuka zaidi ya mita 3, na kutoka kupwa mpaka kujaa ni saa 6 na ushei. Funga kamera ufukweni mtumbwi ukiwa umekaa mchangani, piga picha moja kila sekunde 10. Kwa saa 6 utapata picha 2,160, na ukizichezesha 25 kwa sekunde ni kama sekunde 86. Wengi wameshafanya hivyo na inapendeza, inaishia hapo. Wewe weka mtu mmoja. Mama anayeokota chaza, au mzee anayesuka wavu, akae palepale tangu maji yako mbali mpaka yamfike magotini, atulie kadiri anavyoweza. Watu wengine watapita kama nzi, mawingu yatakimbia, na yeye atatetemeka kidogo tu kama mwali wa mshumaa. Hiyo ni kazi ya siku nzima na unatakiwa umlipe siku nzima, chakula juu.

Korosho yenyewe sijui kwa nini watu wanaipita. Tunda ambalo mbegu yake inaning'inia nje, hilo limeshajifanyia ajabu lenyewe. Lipige kwa karibu sana, bibo moja, taa ya upande, mpaka lisijulikane ukubwa wake. Au kaa na wanawake wanaokaanga kwenye karai: mafuta ya ganda yanaposhika moto, korosho zinatema ndimi ndogo za moto huku na huku na moshi mweusi unatoka mzito kama kitambaa. Usisogeze uso, mafuta yale yanaunguza ngozi.

La mwisho ni mahali pa kuonyesha, na hili hukuniuliza lakini kazi hizi bila hilo hufa. Wengi wa wale wa zamani hawakuishia kwenye ukumbi wa wasanii. Mjerumani Gerry Schum aliifanya televisheni yenyewe kuwa ukumbi wa maonyesho, na kituo cha WDR cha Cologne kikarusha kazi alizozisimamia. Oktoba 1969 watazamaji walikatishwa kwa sekunde chache na picha za mtu anazama ardhini, hatua kwa hatua, picha 9 zilizogawanywa kwa siku kadhaa. Alikuwa Mwingereza Keith Arnatt. Mwishoni mwa Desemba mwaka uleule, matangazo yalipokwisha usiku, Mholanzi Jan Dibbets akawawekea moto unaowaka, dakika chache, hakuna maneno. Runinga ikawa meko. Mwaka 1983 Bill Viola aliwapiga watu 44 wa eneo la Boston wamekaa majumbani kwao wanaitazama kamera kimya, kama wanavyotazama TV, na WGBH wakawapenyeza kati ya vipindi. Unakaa kutazama, kumbe unatazamwa.

Kwetu sehemu ya namna hiyo ni kibanda umiza. Watu mia wamebanana, jicho limeshikwa na mpira, mapumziko dakika 15, na hakuna anayetoka kwa kuogopa kupoteza kiti. Zungumza na mwenye kibanda, mwombe dakika moja katikati ya mapumziko, bila tangazo. Sisi tulifanya hivyo Mikindani na ile glasi ya chai. Kelele zilipungua kutoka mbele kwenda nyuma. Kijana mmoja aliinuka akagongagonga king'amuzi, akidhani picha imeinama. Mzee aliyekuwa karibu naye akamshika mkono: "Kaa, hebu tuone itamwagika lini." Haikumwagika, mpira ukarudi, na nilipokuwa natoka walikuwa bado wanabishana kuhusu chai. Mpe mwenye kibanda flashi siku moja kabla aijaribu, mashine zao nyingi zinachagua aina ya faili. Ukitaka kuweka mtandaoni kama kituo chako cha kudumu, pitia kwanza Kanuni za Maudhui Mtandaoni za mwaka 2020 pamoja na marekebisho yake, na uulize TCRA, mamlaka ya mawasiliano, kama unahitaji leseni. Kuuliza mapema ni rahisi.

Lakini kabla ya salfa na kabla ya maji, rudi kwa yule mama wa mkeka. Mwambie ulivyomwona. Mwombe akung'ute tena, dakika 3, uani palepale, asubuhi jua likiwa chini ili vumbi lionekane. Ukifika nyumbani chezesha picha kinyumenyume, vumbi litoke hewani lirudi kwenye mkeka, na sauti iache iende mbele kama kawaida. Usiguse kingine chochote. Kisha nitumie.